Mwanamke Mzee Kwenye Filamu: Namna ya Kumwandika, Kumpata na Kumpiga Picha

Katika Mother India ya mwaka 1957, Nargis anaigiza mama na Sunil Dutt anaigiza mwanawe. Nargis alizaliwa tarehe 1 Juni 1929, Sunil Dutt tarehe 6 Juni mwaka huohuo. Mama kamtangulia mwana kwa siku tano. Nargis walau ana udhuru, maana hadithi inamchukua tangu akiwa bi harusi hadi nywele zimekuwa nyeupe. North by Northwest ya 1959 haina udhuru huo: Jessie Royce Landis, aliyemchezea mama wa Cary Grant, alimzidi "mwanawe" kwa miaka saba tu. Mwaka 1962 Angela Lansbury, akiwa na miaka 36, akawa mama wa Laurence Harvey katika The Manchurian Candidate; walipishana miaka mitatu. Na katika The Golden Girls, tamthilia iliyoanza 1985, Estelle Getty alivikwa wigi la mvi akawa mama wa Bea Arthur, ambaye kwa kweli alikuwa mkubwa kwake kwa mwaka mmoja na zaidi.

Desturi hii ililizoeza jicho la mtazamaji kudhani kwamba mwanamke wa miaka 60 ni mwanamke wa 36 aliyepakwa mvi. Mwanamke halisi wa 60 akitokea kwenye skrini, anaonekana amezeeka kupita kiasi. Mambo yamebadilika, lakini mabadiliko hayashiki kwa sababu tu skripti imeandikwa vizuri. Mhusika huyu huponyoka katika kila hatua: kwenye usaili, kwenye kiti cha mekapu, kwenye lenzi, mezani kwa mhariri, na mwisho kabisa kwenye bango. Mwongozo huu unafuata safari hiyo, na unakaa zaidi kwenye uandishi kwa kuwa kosa la hapo halina dawa baadaye.

Anza kwa kuhesabu

Kama tayari una rasimu, usiirekebishe kwanza. Ihesabu. Chora jedwali lenye safu nne, kisha pitia sini (onyesho) moja baada ya nyingine ukiandika: je, yumo kwenye sini? Anasema mistari mingapi? Ni yeye anayeanzisha jambo, au anajibu la mwingine? Na kama sini ingechezwa bila yeye, kingebadilika nini? Kwa skripti ya kurasa 90, ambayo ni takriban dakika 90 za filamu, kazi hii inachukua saa mbili au tatu.

Safu ya tatu ndiyo inayoumbua. Rasimu nyingi zinampa mwanamke mzee sini 10 au 12, na mwandishi anaona amemtendea haki. Ukiangalia nani anaanzisha, unakuta sifuri. Anafungua mlango, anapokea habari, anauliza "umekula?", analia, anabariki. Sini kumi za kujibu hazimfikii mhusika aliye na sini tatu tu lakini katika zote tatu ndiye aliyesukuma jambo. Basi lengo la kwanza la rasimu inayofuata lisiwe kumwongezea sini. Geuza angalau theluthi moja ya sini alizonazo ziwe zimeanzishwa na yeye.

Taasisi ya Geena Davis, inayochunguza namna wanawake wanavyoonyeshwa kwenye skrini, ina kipimo chake kinachoitwa Ageless Test: awepo angalau mwanamke mmoja wa miaka 50 au zaidi, uwepo wake uwe na uzito kiasi kwamba akitolewa hadithi inaathirika, na asichorwe kwa dhana zilizochakaa kuhusu uzee. Kitumie kama chekecheo la kwanza. Ni kipimo cha chini, na filamu inaweza kukivuka bila kumpa mwanamke huyo hata tamanio moja.

Mstari wa kumtambulisha

Lugha yetu yenyewe inategesha mtego hapa. Neno "mzee" likisimama peke yake, wengi husikia mwanaume mwenye heshima zake. Likija suala la mwanamke, yanayojileta ni ajuza, kikongwe, bi kizee. Mawili kati ya hayo yamevaa ki-, kiambishi kilekile cha kudogosha. Ukiandika "anaingia bi kizee", msimamizi wa mavazi ameshaona khanga iliyopauka na mkongojo, mwongozaji ameshaona mgongo uliopinda, na mwigizaji anakuja usailini akitetemesha sauti. Hakuna aliyekosea. Wamesoma ulichoandika.

Andika umri kwa tarakimu, kisha kazi aliyoifanya au anayoifanya, kisha kitu kimoja ambacho kiko katikati, hakijaisha. Linganisha:

"BIBI, mwanamke mzee mwenye busara, amekaa kibarazani."

"REHEMA (64). Alistaafu uhasibu miaka minne iliyopita na bado hapiti risiti bila kuijumlisha. Kuna barua ya benki ameificha ndani ya kitabu cha mapishi. Ni mara ya tatu wiki hii anaitoa na kuirudisha."

Mstari wa pili umeshampa mwigizaji kazi ya mikono, umempa msanifu wa mandhari kitu cha kutafuta, na umefungua swali. Na umempa jina. Ukikuta mhusika anayesema zaidi ya mistari mitano anaitwa "Bibi" au "Mama Fulani" kwenye skripti nzima, hiyo ni dalili kwamba hata wewe unamjua kupitia watu wengine tu. Wahusika wenzake wamwite bibi wapendavyo. Kwenye safu ya majina ya skripti awe na jina lake.

Halafu fanya hesabu ambayo waandishi wengi huiruka: mwaka wa hadithi toa umri wake. Mwanamke wa miaka 65 katika hadithi ya 2025 alizaliwa 1960. Alikuwa na miaka 20 mwaka 1980, na kompyuta zilipokuwa zinaingia maofisini alikuwa bado yupo kazini. Mzaha wa bibi anayeishika simu juu chini haumhusu yeye. Unamhusu mama yake. Mara nyingi mwandishi wa miaka 30 anapoandika mwanamke wa 65, bila kujua anamwandika mtu wa vizazi viwili nyuma. Andika pembeni ya rasimu: alikuwa na miaka 20 mwaka gani, alisikiliza muziki gani, alivaa nini, alitaka kuwa nani.

Mpe jambo ambalo halijaisha

Hapa ndipo penye kiini cha kazi yote. Mwanamke mzee aliyeandikwa vibaya ana jana tele na hana kesho. Ana siri ya zamani, mume wa zamani, huzuni ya zamani, naye yupo kwenye hadithi ili aifichue kwa kijana ambaye kesho ni yake. Kabla ya kuandika sini yoyote, jaza sentensi hii:

"Hadithi ikifika mwisho anataka awe ame____, na kinachomzuia ni ____."

Katika jaribio la kwanza jiwekee marufuku: nafasi hizo mbili zisitaje mtoto, mjukuu wala marehemu mume. Baadaye unaweza kuwarudisha, kwa kuwa watu wazima wana familia kama kila mtu. Marufuku hii inakulazimisha kumtafuta yeye kwanza.

Vizuizi huja kwa namna tatu: mwili, fedha, na ruhusa ya wengine. Waandishi hukimbilia mwili, kwa sababu ugonjwa unajiandika wenyewe. Kizuizi cha ruhusa ndicho chenye utajiri: watu wanaompenda na ambao wameshaamua kwa niaba yake. Hakina adui, kila mtu ana hoja, na kila mazungumzo ya mezani yanaweza kuwa vita.

Tazama Aquarius ya 2016. Sonia Braga anaigiza Clara, mhakiki wa muziki aliyestaafu, mkazi wa mwisho katika jengo ambalo kampuni ya ujenzi inataka kulibomoa. Anachotaka ni kubaki kwake. Mwili wake una kovu la saratani ya titi na filamu inalionyesha, lakini njama haijajengwa juu ya kovu. Shinikizo linatoka kwa kampuni, kwa majirani wa zamani na hata kwa wanawe, kila mmoja akija na sauti ya busara.

Ugonjwa si mwiko. Katika Poetry, filamu ya Korea ya 2010, mwanamke wa miaka ya sitini anagundulika ana dalili za awali za Alzheimer wakati huohuo amejiunga na darasa la ushairi, huku mjukuu wake akiwa ameshiriki uhalifu mzito. Ugonjwa unamnyang'anya maneno, darasa linamtaka ayatafute, na uhalifu unamtaka ayaseme. Hivyo ndivyo ugonjwa unavyopata kazi kwenye hadithi: unabana tamanio ambalo tayari lipo. Ukiondoa ugonjwa kwenye rasimu yako na mhusika akabaki hana la kufanya, ulichoandika ni faili la hospitali.

Na mruhusu akosee. Si ubaya wa mama mkwe wa tamthilia, bali kosa la mtu mwenye akili timamu. Dora wa Central Station ya 1998, aliyechezwa na Fernanda Montenegro, ni mwalimu mstaafu anayewaandikia barua wasiojua kuandika, anachukua pesa yao, halafu barua nyingi hazitumi. Kwa dakika za mwanzo hapendezi hata kidogo. Montenegro aliteuliwa kuwania Oscar ya mwigizaji bora wa kike kwa uhusika huo. Waandishi wanaogopa kumpa bibi dhambi wakidhani ni kumkosea adabu, kumbe kinachomgeuza pambo ni huko kumtakasa.

Sura za zamani, na sura mpya zinazojifanya maendeleo

Ni vizuri kujua mhusika wako anarithi nini. Mwaka 1950 Sunset Boulevard ilimwonyesha Norma Desmond, nyota wa filamu bubu aliyesahauliwa, kama mzuka ndani ya jumba bovu. Mhusika huyo ana miaka 50. Mwaka 1962 Bette Davis na Joan Crawford walikutana katika What Ever Happened to Baby Jane?, na mafanikio yake yakaleta wimbi la filamu za kutisha ambamo waigizaji wakongwe walikuwa ndio kitisho chenyewe. Mlango wa pili ulifunguka kwenye televisheni: Murder, She Wrote ilidumu tangu 1984 hadi 1996 ikimfuata mjane anayeandika riwaya na kufichua wauaji, na Angela Lansbury safari hii hakuhitaji kuzeeshwa. Grace and Frankie, yenye vipindi 94 katika misimu saba kati ya 2015 na 2022, iliwapa Jane Fonda na Lily Tomlin biashara, ugomvi na wapenzi. Televisheni ilitangulia kwa sababu inayoeleweka. Tamthilia inaishi kwa kurudi kwa mtazamaji, na mtu wa miaka 60 mwenye historia nyuma yake hana uhaba wa mambo ya kumrudisha.

Sura nne utakutana nazo mezani kwako: mama mkwe mkali, bibi wa methali, bibi mcheshi anayetamka matusi ili watu wacheke, na mgonjwa wa kitandani. Hakuna haja ya kuzipiga marufuku. Kila moja ina tengenezo lake. Mama mkwe mpe sababu ambayo mtazamaji angeikubali kama ingesemwa na mtu mwingine. Bibi wa methali aruhusiwe methali moja tu katika skripti nzima, tena aitumie kukwepa swali. Bibi wa matusi: ondoa sini za kicheko, angalia kilichobaki, kama hakuna kitu, huyo ni kengele ya vichekesho. Mgonjwa apewe uamuzi mmoja ambao familia haitaupenda.

Inayohitaji tahadhari zaidi ni ile ya tano, kwa kuwa inakuja imevaa nguo za maendeleo: kijana wa miaka 70. Ni mwembamba, ana fedha, anakimbia alfajiri, anapanda pikipiki, na anasifiwa kwa sababu hafanani na umri wake. Sifa hiyo ni tusi kwa kila anayefanana nao. Kipimo chake ni chepesi: je, ushujaa wa mhusika unatokana na alichokijua kwa miaka 70, au kwa kusahau kwamba anayo? Thelma ya 2024 ilijibu vizuri. June Squibb, aliyekuwa na miaka 93 wakati wa upigaji picha, anawafukuza matapeli waliomwibia kwa simu. Filamu inatumia muundo wa filamu za mapigano, lakini kasi ni ya kiskuta cha wazee, na kuanguka ni hatari ya kweli. Mwendo wenyewe umekuwa chanzo cha wasiwasi na cha kicheko, bila yeye kugeuzwa kinyago.

Mazungumzo

Soma mistari yake yote mfululizo, ukiruka ya wengine. Ukiona zaidi ya nusu ni maswali kuhusu hali za watu, mawaidha, au "zamani sisi", rudi kazini.

Mpe msamiati wa kazi yake. Mhasibu mstaafu anaona ndoa inayovunjika kama hesabu isiyofunga. Fundi cherehani anatazama mshono wa koti la mgeni kabla ya uso. Mwache amkatize mtu. Mwache asijibu. Mpe angalau sini moja na mwanamke wa rika lake ambapo hawazungumzii watoto wala maradhi. Hapo ndipo sauti yake halisi hutokea, kwa kuwa mbele ya rafiki wa miaka 40 hana haja ya kuwa bibi ya mtu. Urefu wa mistari nao uangaliwe. Waandishi humlundikia hotuba moja ndefu karibu na mwisho, nusu ukurasa au zaidi, kana kwamba ni fidia ya ukimya wa saa nzima. Igawe. Vipande vitano vilivyotawanyika kwenye skripti vina nguvu kuliko mhadhara mmoja.

Kuna mbinu moja ya mkato inayofaa ukikwama: andika sehemu hiyo kama ya mwanaume wa umri uleule, imalize, kisha badilisha jina na jinsia bila kugusa vitendo. Everything Everywhere All at Once ilianza kufikiriwa kwa ajili ya Jackie Chan kabla waandishi hawajaigeuza kuwa hadithi ya mama. Michelle Yeoh akaja kushinda Oscar mwaka 2023 akiwa na miaka 60. Geuza kwanza, halafu rudi na jiulize ni wapi kuwa mwanamke kungebadilisha jambo kweli. Aghalabu ni sehemu chache kuliko ulivyodhani.

Usaili

Weka pengo kati ya mwigizaji wa mama na wa mtoto lisipungue miaka 18, labda hadithi yenyewe iwe inasema alizaa mapema. Andika pengo hilo kwenye tangazo la usaili, vinginevyo litasahaulika siku jina kubwa litakapopatikana.

Kurasa za kusoma zitumwe saa 48 kabla, kwa herufi za ukubwa wa 14 au 16. Weka kiti. Usimwambie mtu wa miaka 62 "zeeka kidogo"; utapata mgongo uliopinda na mkono unaotetemeka, yaani picha ya uzee badala ya mtu. Muulize mwigizaji: mhusika huyu anaumwa wapi, na anaficha vipi? Goti la kushoto linatosha. Mtu mwenye goti bovu hapindi mgongo. Anachagua upande wa kushukia ngazi, anashika meza kabla ya kusimama, anakaa kiti kilicho karibu na mlango. Uzee mzuri kwenye skrini huonekana katika mipango midogo ya namna hiyo.

Ratiba nayo ni sehemu ya uigizaji. Sini zake ngumu ziwekwe mwanzoni mwa siku ya kazi, na usimrundikie kurasa nyingi za mazungumzo siku moja na sini za kutembea. Mwigizaji akichoka mwisho wa siku ya kazi, kamera itaurekodi uchovu huo na mtazamaji atausoma kama uzee wa mhusika.

Mekapu: lini kuzeesha, na namna gani

Kuzeesha kwa mekapu kuna uhalali pale hadithi inapomfuata mtu mmoja miaka mingi. The Autobiography of Miss Jane Pittman ya 1974 ilimtaka Cicely Tyson, aliyekuwa hajafika miaka 50, afike hadi 110. Stan Winston na Rick Baker walipata Emmy, tuzo ya televisheni ya Marekani, kwa kazi hiyo. Kama hadithi yako inatokea mwaka mmoja tu, tafuta mwigizaji wa umri huo, uokoe saa na fedha.

Njia ya bei nafuu ni lateksi ya kimiminika, yaani mpira wa majimaji unaokauka juu ya ngozi. Saa 24 kabla, weka tone ndani ya kiwiko kupima mzio. Mwenye mzio wa mpira asiguswe kabisa. Fanyia kazi penye hewa, kwa kuwa lateksi nyingi zina amonia inayowasha macho. Kisha fuata utaratibu huu:

1. Safisha ngozi, ikauke bila mafuta.
2. Msaidizi anyooshe ngozi kwa vidole, sehemu moja tu kwa wakati.
3. Gonga tabaka jembamba kwa sponji. Usipake kama rangi.
4. Kausha kwa hewa baridi ngozi ikiwa bado imenyooshwa.
5. Piga poda, ndipo uachie. Mikunjo itajikusanya yenyewe.
6. Rudia tabaka mbili hadi nne, ukilegeza kingo zisionekane.

Yanayoharibika yanajulikana. Poda ikisahaulika kabla ya kuachia, lateksi inagandana na mikunjo inakuwa mabonge. Pembeni mwa mdomo hupasuka mwigizaji akila, kwa hiyo chakula kiwe kabla, au eneo hilo liachwe lichorwe kwa rangi tu. Shingo na mikono husahaulika, halafu picha ya karibu ya mkono inamsuta kila mtu. Poda nyeupe ya nywele hugeuka ya samawati kwenye taa baridi. Ichanganye na rangi ya joto kidogo.

Mwigizaji ambaye kweli ana miaka 65 anahitaji kinyume chake. Paka krimu ya kulainisha dakika 15 kabla, tumia bidhaa za krimu badala ya unga, na poda iguse paji la uso na pua tu. Unga ukirundikwa huingia kwenye mikunjo, na baada ya saa mbili unamwongezea miaka mitano ambayo hukuilipia.

Kamera na taa

Kanuni moja kwanza: kichujio cha kulainisha picha kisiwekwe kwa ajili yake peke yake. Zamani nyota wa kike alifunikiwa lenzi kwa kitambaa chepesi. Ukikata kutoka kwa mwanaume aliye makini kama sindano kwenda kwa mwanamke aliye kwenye ukungu, mtazamaji anajua mara moja nani anafichwa. Kama kichujio kinahitajika, kiwekwe kwenye sini nzima.

Kwa picha za karibu, kwenye kamera ya fremu kamili (full frame), lenzi za milimita 50 hadi 85 zinautendea uso haki. Lenzi ya milimita 24 ikisogezwa karibu inavuta pua na kusukuma masikio nyuma. Ni ya kuchagua kwa makusudi, isitumike kwa sababu chumba ni kidogo. Kamera ikae usawa wa macho yake. Waongozaji wengi humpiga mwanamke mzee kutoka juu, hasa akiwa ameketi, bila kujiuliza, na tayari wamemfanya wa kuhurumiwa.

Taa kali ya ubavuni huchimba kila mstari. Taa kubwa laini iliyo mbele kidogo huutuliza uso. Zote zinafaa. Swali ni sini inataka nini, na je, mwanaume wa miaka 65 katika sini hiyohiyo angewashiwa vivyo hivyo?

Miwani husumbua. Taa ikionekana kwenye vioo, ipandishe taa kwanza. Ikishindikana, inua mikono ya miwani milimita chache juu ya masikio ili vioo viiname kidogo chini. Ukiweza, tafuta vioo visivyorudisha mwanga. Usimvue miwani mhusika aliyeanza nayo; atasoma barua ya benki kwa macho gani?

Sini za mapenzi zipangwe kama za waigizaji wa miaka 30: makubaliano ya maandishi kuhusu kinachoonekana, mratibu wa sini za faragha, na watu wachache chumbani. Kosa la kawaida huja baadaye, pale mhariri anapoweka muziki wa kuchekesha au kukata haraka kwenda kwa mjukuu aliyeshtuka. Mzaha ukitaka kuwepo, utoke kwa wawili wenyewe.

Mezani kwa mhariri, kisha bango

Rudia ile hesabu ya mwanzo, safari hii kwa sekunde. Katika kila sini aliyomo, pima muda anaoonekana akisema na kutenda, na muda anaoonekana akisikiliza. Mwanamke mzee hugeuzwa haraka kuwa uso wa kuitikia: kijana anazungumza, picha inakatwa kwenda kwake, macho yamelowa. Kama kusikiliza kunazidi mara mbili ya kutenda, angalia picha zilizoachwa nje. Mara nyingi sini aliyoianzisha imekatwa kwa hoja kwamba "inachelewesha". Ilikuwa inachelewesha hadithi ya nani?

Baada ya hapo kazi inaondoka mikononi mwako na kwenda kwa watu wa matangazo. Kate Winslet alieleza kwamba bango la Mare of Easttown ya 2021 alilirudisha mara mbili, kwa sababu mikunjo ya pembeni mwa macho ilikuwa imefutwa. Yeye ana jina la kumwezesha kufanya hivyo. Wengi hawana, kwa hiyo liandikwe kwenye mkataba kabla ya siku ya kwanza ya kazi. Kifungu kitaje kinachoruhusiwa kusafishwa, kwa mfano chunusi ya siku ile au uzi kwenye nguo, na kisichoguswa: mikunjo, shingo, mikono, mvi, umbo. Kitaje nani anaidhinisha na ndani ya siku ngapi. Bango likiletwa, usilitazame kwenye simu. Lifungue kwa ukubwa kamili kando ya picha ghafi ileile, anzia macho, shuka shingoni, malizia kwenye vidole.